Chuo cha Manungu: Mtibwa Sugar, robo karne baada ya ubingwa wa pili

Chukua orodha ya mabingwa wa ligi ya soka ya Tanzania Bara, uisome kwa kurudi nyuma. Anzia msimu wa 2024/25: Yanga. Uliotangulia: Yanga. Na miwili kabla ya hapo: Yanga tena. Kisha Simba mara nne mfululizo, kisha Yanga mara tatu. Mwaka 2014 utakutana na Azam, nayo maskani yake ni Chamazi, Dar es Salaam. Endelea kurudi. Utapita 2010, utapita 2005, utafika 2001, na muda wote huo jezi ni zilezile mbili zinazopokezana, nyekundu na njano. Halafu, kwenye mstari wa mwaka 2000, linatokea jina la shambani: Mtibwa Sugar. Ukidhani ni bahati ya mwaka mmoja, rudi hatua moja zaidi. Mwaka 1999: Mtibwa Sugar.

Robo karne imepita. Watoto waliozaliwa mwaka ule wa pili wa ubingwa sasa ni watu wazima, wengine wana watoto wao, na hawajawahi kuona kombe la ligi likipelekwa mkoani. Kwa hiyo makala haya ni ya kumbukumbu, na pia ni ya shukrani kwa timu ambayo kijiji cha wakata miwa kiliilea, ikatawazwa juu ya nchi nzima mara mbili, kisha ikaendelea kwa miaka mingi na kazi ambayo haina gwaride wala kombe: kufundisha vijana mpira na kuwaaga.

Mji kasoro bahari

Wenyewe Morogoro huuita mji wao "mji kasoro bahari". Maji yapo, yanashuka kutoka Uluguru. Matunda na mboga vipo, vinateremshwa kutoka Mgeta, Kinole na Matombo. Milima ipo, na asubuhi kilele cha Lupanga kikivuliwa ukungu, mtu aliyelala Dar es Salaam jana yake hujiuliza kwa nini asihamie. Kinachokosekana ni bahari tu. Reli ilifika hapa mwaka 1907, na pamoja na reli wakaja watu wa kila kabila, na pamoja na watu ikaja starehe ya kila namna. Ndiyo maana mji huu uliweza kuwa nyumbani kwa Cuban Marimba ya Salum Abdallah na Morogoro Jazz ya Mbaraka Mwinshehe. Na palipo na dansi Jumamosi usiku, pana mpira Jumapili jioni.

Mpira wa Morogoro tangu zamani ulikuwa mpira wa kazini. Wafanyakazi wa reli walikuwa na Reli, iliyopewa jina la Kiboko ya Vigogo kwa jinsi ilivyokuwa ikiwasumbua wakubwa wa Dar es Salaam. Wa kiwanda cha tumbaku walikuwa na Tumbaku. Askari walikuwa na Polisi Morogoro. Hata ubingwa wa taifa haukuwa mgeni kwa mkoa huu: mwaka 1975, miaka 10 tu baada ya ligi ya taifa kuanza, Mseto ya Morogoro ilitwaa taji na kuwa timu ya kwanza kutoka nje ya Dar es Salaam kufanya hivyo. Uwanja wa Jamhuri, ambao mashabiki wake hutazama mpira huku milima ikiwa imewainamia, umejengewa sifa na miguu ya watu waliokuwa wakitoka kazini.

Huko Marekani, soka lao la kushika mpira kwa mikono lilibebwa na vyuo vikuu. Kijana husajiliwa na chuo, huvaa rangi za chuo, na msimu wa timu ya chuo huwa msimu wa mji mzima. Morogoro nayo ni mji wa vyuo, Sokoine na Mzumbe vikiwa mbele, na wanafunzi wake hujaza majukwaa ya Jamhuri siku vigogo wanapokuja. Lakini kwetu kazi ile ya kulea mchezaji, kumpa kitanda, chakula, kocha na jezi, haikufanywa na vyuo vikuu. Ilifanywa na mahali pa kazi. Na hatukuwa peke yetu katika hilo. Arsenal, ambayo mashabiki wake wamejaa kila kijiwe cha bodaboda nchini, ilianzishwa mwaka 1886 na wafanyakazi wa kiwanda cha silaha cha Woolwich, London. Manchester United ilianza mwaka 1878 ikiitwa Newton Heath, na waanzilishi wake walikuwa mafundi wa reli, ndugu wa kazi wa watu wa Reli Morogoro. Bayer Leverkusen ya Ujerumani ni ya kiwanda cha dawa, na PSV ya Uholanzi ilianzishwa na kiwanda cha taa cha Philips.

Tofauti ni kwamba wenzetu wengi walibaki. Hapa kwetu, viwanda vilipoyumba, timu zao ziliyumba navyo. Mfanyakazi akipunguzwa, mshambuliaji naye amepunguzwa. Gari la kampuni likiuzwa, basi la timu limeuzwa. Katika mkoa wa Morogoro, timu ya mahali pa kazi iliyodumu kileleni kuliko nyingine zote ni moja, na iko mbali na mji.

Chini ya milima ya Nguru

Kwenda kwao unaanzia Msamvu, Morogoro mjini. Unaipa Uluguru mgongo, unashika barabara ya Dodoma, unapita Dakawa na kuvuka Wami, na ukifika Magole unakata kulia. Zamani, kabla ya lami, kipande hicho cha Magole hadi Turiani kilikuwa mtihani wa dereva, hasa wakati wa masika. Takriban kilomita 100 kutoka mjini, milima mingine inasimama mbele yako, Nguru, na chini yake kumetandazwa kijani kimoja kisicho na mwisho. Hiyo ni miwa. Mito ya Diwale na Mkindo inashuka kutoka Nguru na kuinywesha kabla ya kujiunga na Wami.

Hapo Turiani, wilaya ya Mvomero, ndipo kilipo kiwanda cha sukari cha Mtibwa. Maisha ya hapo yanaendeshwa na muwa. Masika yakiisha na ardhi ikikauka kiasi cha kubeba matrekta, msimu wa kuvuna unafunguliwa. Shamba huchomwa moto ili majani makavu yaondoke, na kesho yake wakata miwa wanaingia na mapanga, wakitoka jioni nyuso zimepakwa masizi. Muwa uliokatwa hauna subira: usipofikishwa kiwandani mapema, utamu wake unapungua. Kwa hiyo kila mtu ana haraka, mkataji, dereva, fundi wa mitambo, hadi mkulima wa nje mwenye ekari zake chache ambaye naye anategemea kiwanda kimnunulie.

Katika maisha hayo, klabu ya Mtibwa Sugar ilianzishwa mwaka 1988. Kiwanda kilikuwa bado mali ya umma, chini ya shirika la sukari la taifa. Timu ikapanda ngazi moja baada ya nyingine, na mwaka 1996 ikaingia Ligi Kuu. Mashabiki wakaiita kwa jina la kazi ya watu wake: Wakata Miwa. Ni jina ambalo mtu wa mjini angeweza kulitamka kwa dharau. Turiani walilivaa kama nishani.

Ukitaka kuelewa kwa nini timu hii iliweza, fika kwanza Manungu, uwanja wake wa nyumbani uliomo ndani ya mazingira ya shamba lenyewe. Hauna jukwaa la kutisha. Una majani, una miti, una watu waliosimama karibu na mstari kiasi kwamba winga anasikia anachoambiwa. Mchezaji wa Mtibwa hakuhitaji kupigana na foleni wala kelele za jiji. Alilala kambini, akafanya mazoezi, akala, akalala tena. Wachezaji waliishi pamoja miaka mingi hadi mmoja akawa anajua mwenzake atapiga pasi wapi kabla hajainua kichwa. Klabu zenye fedha zinaweza kununua wachezaji 11 kwa wiki moja, lakini mazoea ya namna hiyo hayapatikani dukani.

Misimu miwili

Mwishoni mwa miaka ya 1990 ligi ya Bara ilikuwa imefunguka. Mwaka 1998 ubingwa ulikwenda Songea, kwa Majimaji. Watu wa Kariakoo, mtaa wa Simba na Yanga, walilipokea hilo kama ajali. Mwaka uliofuata ikadhihirika kwamba haikuwa ajali, kwa sababu kombe lilitoka tena nje ya Dar es Salaam, safari hii likaja Turiani.

Kocha wa Wakata Miwa alikuwa John Simkoko, na jina lake halitenganishwi na misimu ile. Alikuwa na timu ambayo haikuwa na nyota wa kuuza magazeti peke yake. Ilikuwa na utaratibu. Katika ligi, tofauti na kombe la mtoano, utaratibu ndio mtaji. Mtoano unaweza kuushinda kwa siku moja ya bahati. Ligi inakudai kila wiki. Inakudai ushinde nyumbani wakati unatarajiwa kushinda, usipoteze ugenini wakati umechoka na safari, na usilewe sifa baada ya kumfunga mkubwa. Timu inayoishi na watu ambao shamba lao halikubali kuachwa hata siku moja wakati wa mavuno haikuwa ngeni kwa somo hilo.

Mwaka 1999 ulikuwa mwaka wa majonzi kwa taifa. Oktoba tulimpoteza Mwalimu Nyerere. Turiani kwenyewe kulikuwa na wasiwasi wa aina yake. Serikali ilikuwa ikijiondoa katika uendeshaji wa viwanda, na Mtibwa, kama ilivyokuwa kwa viwanda vingine vya sukari, ilikuwa ikipita kutoka mikono ya umma kwenda kwa wawekezaji binafsi. Kila aliyeishi kipindi kile anajua maana ya neno ubinafsishaji katika kijiji cha kiwanda. Maana yake ni mfanyakazi kutojua kama mwezi ujao atakuwa na kazi, na timu kutojua kama itakuwa na mwenyewe. Timu nyingi za mashirika ya umma zilifia kwenye lango hilo.

Mtibwa ilipita kwenye lango hilo ikiwa na kombe mkononi. Na ilipopita, ikarudi kulichukua tena. Mwaka 2000 Wakata Miwa walitetea ubingwa wao, na kutetea ni kugumu kuliko kutwaa, kwa maana mara ya kwanza wanakuchukulia poa na mara ya pili wanakusubiri. Katika nchi ambayo Simba na Yanga zina mashabiki mpaka ndani ya nyumba za wachezaji wa timu nyingine, timu ya shambani ilimaliza juu yao wote, miaka miwili mfululizo. Wenye kiwanda wapya walikuwa na kila sababu ya kuliona soka kama gharama ya kupunguza. Badala yake waliirithi timu bingwa na wakaendelea nayo. Baadaye kundi lilelile la makampuni, Super Group, lilipokifufua kiwanda cha Kagera, Kagera Sugar nayo ikaja kuwa timu ya Ligi Kuu. Ushindi wa Turiani ulikuwa umeonyesha kwamba sukari na mpira vinaweza kukaa nyumba moja.

Misimu ile ilimpa heshima pia mtu ambaye hakuwahi kugusa mpira: mkata miwa, mpishi wa kambi, dereva wa trekta, mama lishe wa pale Turiani. Jumatatu ya ubingwa waliingia kazini wakiwa mabingwa wa nchi.

Chuo cha Manungu

Baada ya mwaka 2000 Mtibwa haikutwaa tena ligi. Mtu wa takwimu anaweza kufunga daftari hapo. Lakini akifunga, atakuwa ameikosa sehemu kubwa zaidi ya historia ya klabu hii, kwa sababu kuanzia hapo Manungu iligeuka kuwa chuo. Wahitimu wake wanaweza kusomwa jina kwa jina.

Mtazame Mecky Mexime. Alicheza Mtibwa kwa miaka mingi, akawa nahodha, akavaa kitambaa cha unahodha wa timu ya taifa, Taifa Stars, kisha akaja kuifundisha Mtibwa yenyewe kabla ya kwenda Kagera Sugar mwaka 2016. Nafasi yake ikashikwa na Salum Mayanga, na Januari 2017 shirikisho la soka lilipotafuta kocha wa timu ya taifa, lilimtoa Mayanga kwenye benchi la Mtibwa. Aliyepokea kijiti ni Zuberi Katwila, naye mchezaji wa zamani wa Wakata Miwa. Ndani ya uwanja alikuwapo Shaaban Nditi, nahodha aliyekaa Manungu msimu baada ya msimu, kiungo ambaye vijana walimtazama wakajifunza hata namna ya kusimama. Mwanafunzi anakuwa mwalimu, mwalimu anaondoka, mwanafunzi mwingine anashika chaki. Hivyo ndivyo chuo kinavyojiendesha.

Kisha waangalie waliotoka. Mwaka 2016 Simba ilifika Turiani na kuondoka na watatu kwa mpigo: Shiza Kichuya, Mzamiru Yassin na Mohamed Ibrahim. Oktoba 1 mwaka huohuo, Simba ikiwa nyuma kwa bao 1 dhidi ya Yanga na muda ukiyoyoma, Kichuya alikwenda kupiga kona. Mpira ukapinda, ukaingia wavuni moja kwa moja. Nchi nzima ilizungumzia kona ile kwa wiki nzima. Waliokuwa wakimjua kijana huyo tangu Manungu hawakushangaa. Mguu ule wa kushoto walikuwa wameuona ukifanya hivyo mbele ya watu mia chache, kando ya miwa. Mzamiru naye alikaa Msimbazi, kwa Simba, miaka mingi, kiungo asiyechoka, akaipeleka Simba hatua za mbali za michuano ya Afrika.

Yanga nayo haikukaa nyuma. Ilimchukua beki Andrew Vincent, maarufu Dante, kisha Kibwana Shomari, kisha Dickson Job. Mwaka 2023 Yanga ilipofika fainali ya Kombe la Shirikisho Afrika dhidi ya USM Alger ya Algeria, Job na Kibwana walikuwamo kikosini. Nickson Kibabage alipitia njia ndefu zaidi: alitoka Mtibwa akaenda Difaâ El Jadida ya Morocco, kabla ya kurejea nyumbani na kuja kuichezea Yanga ya Jangwani. Watatu hawa, Job, Kibwana na Kibabage, walikuwa pamoja katika kikosi cha Serengeti Boys kilichokwenda Gabon mwaka 2017, mara ya kwanza kwa Tanzania kucheza fainali za Afrika za vijana chini ya miaka 17.

Klabu yenyewe iliitambua kazi hiyo na kuifanya kwa makusudi. Kikosi chake cha vijana chini ya miaka 20 kimetwaa ubingwa wa taifa wa umri huo zaidi ya mara moja, kikiwashinda watoto wa klabu zenye bajeti kubwa mara nyingi zaidi.

Wapo wanaosema Mtibwa ilijimaliza kwa kuuza. Nawaelewa, lakini siafiki. Hakuna chuo kinachojivunia wanafunzi waliokataa kuhitimu. Kijana wa Morogoro akifunga bao mbele ya watu 60,000 pale Temeke, lile bao lina sehemu ya Turiani ndani yake. Tatizo la Mtibwa halikuwa kuwaacha vijana waende. Naamini lilikuwa kwamba kila msimu chuo kilidaiwa kuanza upya na darasa changa, huku ligi ikizidi kuwa ya fedha, na waliochukua wahitimu hawakurudisha kiasi cha kutosha cha kuwalea wanaofuata.

Vyeti ukutani

Hata hivyo chuo hiki kiliendelea kupata vyeti. Kule Unguja, kwenye Kombe la Mapinduzi linalochezwa kila Januari kuadhimisha Mapinduzi ya 1964, Mtibwa ilijenga historia yake ya pekee. Ililitwaa mwaka 2010. Mwaka 2015 ilifika fainali ikashindwa na Simba kwa mikwaju ya penalti. Mwaka 2016 ilifika tena, ikafungwa na URA ya Uganda. Wengine wangekata tamaa na visiwa. Mwaka 2020, miaka 10 kamili baada ya kombe la kwanza, Wakata Miwa walirudi fainali, na waliokuwa ng'ambo ya pili ni Simba, mabingwa wa Bara. Bao 1 lilitosha. Kombe likavuka bahari na kwenda hadi mkoa usio na bahari.

Lakini cheti kikubwa zaidi baada ya ule ubingwa wa mara mbili kilipatikana Arusha, Juni 2, 2018. Fainali ya Kombe la Shirikisho la Tanzania ilichezwa Uwanja wa Sheikh Amri Abeid, Mtibwa dhidi ya Singida United. Ilikuwa fainali ya mikoa mitupu, bila Simba wala Yanga, na wapo waliodhani itapoa. Ikaisha kwa mabao 3-2, Mtibwa ikishinda, Katwila akiwa kocha. Tangu kombe hilo lilipofufuliwa msimu wa 2015/16 hadi msimu wa 2024/25, Mtibwa ndiyo timu pekee kutoka nje ya Dar es Salaam iliyolibeba.

Ushindi ule ulifungua mlango wa Afrika, na mlango ulikuwa na deni. Mwanzoni mwa miaka ya 2000 Mtibwa ilishindwa kusafiri kwenda Afrika Kusini kurudiana na Santos, ikafungiwa na shirikisho la soka la Afrika, CAF, na kupigwa faini. Deni hilo likabaki likisubiri miaka yote. Mwaka 2018 ilibidi lilipwe kwanza ndipo timu iruhusiwe kucheza. Lilipolipwa, Wakata Miwa waliifunga Northern Dynamo ya Ushelisheli nyumbani na ugenini, kisha wakatolewa na KCCA ya Uganda. Safari ilikuwa fupi. Hata hivyo nadhani ni moja ya kurasa za heshima katika kitabu cha klabu, kwa sababu ilirekebisha jambo lililoharibika kabla baadhi ya wachezaji wake hawajaanza shule ya msingi.

Na Manungu kwenyewe heshima iliendelea kulindwa. Januari 2022 Simba ilikwenda kucheza Turiani, si Jamhuri mjini, na ikaondoka na sare ya bila kufungana. Waliokuwa wamezoea kuona mastaa kwenye televisheni waliwaona wakihangaika kwenye majani ya nyumbani kwao.

Kushuka na kurudi

Msimu wa 2023/24 ulikuwa mchungu. Timu iliburuza mkia, na Mei 2024 hesabu zikafunga: baada ya miaka 28 bila kushuka tangu 1996, Mtibwa Sugar ilikuwa imeshuka daraja. Katika miaka hiyo 28 ilikuwa imewaona Majimaji, Coastal Union na Pamba, mabingwa wa zamani wote, wakishuka. Sasa zamu ilikuwa yake. Mjini Morogoro kulikuwa na ukimya wa msiba. Mkoa wenye historia ya Mseto, Reli na Tumbaku ulikuwa unajua vizuri timu ikishuka inaweza kwenda wapi. Wengi hawarudi.

Mkata miwa anajua jambo ambalo mpita njia hajui. Muwa haupandwi kila mwaka. Ukishakatwa chini kabisa, shina lililobaki ardhini huchipua lenyewe, na mkulima huvuna tena msimu unaofuata, na unaofuata, kutoka shina lilelile. Sharti ni moja: baada ya kukata, uendelee kulihudumia. Utie maji, utie mbolea, upalilie. Shina lililotelekezwa huchipua pia, lakini hutoa muwa mwembamba usiofaa kusagwa.

Mtibwa ilihudumiwa. Kampuni haikuifunga timu. Ikaingia Ligi ya Championship ikiwa na kikosi cha kweli, ikacheza kama timu yenye mahali pa kurudi, na mwisho wa msimu wa 2024/25 ikawa bingwa wa ligi hiyo na kupanda Ligi Kuu. Msimu mmoja tu ndio iliokaa nje. Kwa namna ya kusikitisha, mwaka huohuo ndugu yake Kagera Sugar alishuka, kana kwamba nyumba moja haikuruhusiwa kuwa na furaha mbili. Watu wa Misenyi, nyumbani kwa Kagera Sugar, nao wakabaki wakisubiri shina lao lichipue, na watu wa Turiani walikuwa na haki ya kuwaambia kwamba inawezekana.

Majina yaandikwe

Katika kuadhimisha miaka 25 ya ubingwa ule wa pili, nina ombi moja. Klabu zetu zina desturi ya kutunza makombe na kusahau watu. Kombe linang'arishwa, linawekwa kabatini, na aliyefunga bao la kulileta anazeeka kwenye kijiji fulani bila mtu kumgongea hodi. Kikosi cha 1999 na cha 2000 kilikuwa na wachezaji, makocha wasaidizi, madaktari wa timu, watunza vifaa na madereva. Wapo wengi wanaoweza kusimulia leo. Wakiulizwa leo, watasimulia. Wakiachwa miaka 10 mingine, tutabaki na mistari miwili kwenye orodha.

Basi Manungu pajengwe ukuta. Si lazima uwe wa gharama. Tofali na rangi vinatosha. Yaandikwe majina yote ya misimu ile miwili, kuanzia kocha hadi mpishi. Chini yake yaandikwe ya kikosi cha Arusha 2018, na ya vijana waliopitia hapo wakaenda Msimbazi, Jangwani na Morocco. Mwenye picha ya zamani sandukuni aipeleke ikanakiliwe. Kijana wa Mvomero anayekuja kufanya majaribio, viatu vyake vimefungwa kwa kamba ya kuunga, apite mbele ya ukuta huo kabla ya kuingia uwanjani. Asome kwamba mabingwa wa nchi nzima walitokea hapa, katikati ya miwa, mara mbili. Kisha aingie acheze.